Mchezo usiojaa kioo si lazima kompyuta iwe mbovu

ILIKUWA Ijumaa, saa 11 jioni. Nilikuwa natoka shuleni kwa miguu, nikipita barabara ya ziwani, nilipokuta watu wamekusanyika hatua chache kabla ya kufika Grande Barrière. Nilidhani ni ajali ya pikipiki. Kumbe katikati yao alikuwapo mama mmoja jirani yangu, mfanyabiashara wa mpakani, na mbele yake kijana kutoka Goma ameshika kompyuta ya mkononi kwa mikono miwili kama mtu aliyeuziwa kuku mgonjwa.

"Mama, hii mashini iko mubaya," kijana alikuwa akisema. "Niliomba ya kuchezea, angalia kioo yake! Nirudishie feza yangu."

Mama hakuwa nazo. Dola 120 alizopokea Jumatano zilikwishanunua mzigo mwingine, na keshoye, Jumamosi, alitakiwa kurudisha mkopo kwenye kikundi chao cha akiba. Kila anayeishi mpakani anajua maana yake. Ukikosa siku moja, wenzako wanakuvumilia. Ukikosa mara mbili, hukopeshwi tena, na biashara inakufa.

Mtu mmoja akasema, "Mwalimu huyu hapa, yeye anajua kompyuta." Sikuwa na pa kukimbilia. Tulikwenda kwenye kibanda cha chai chenye umeme, tukaagiza chai na kuwasha mashine.

Ilipowaka, kila kitu kilikuwa sawa. Maandishi yalisomeka na rangi zilikuwa safi. Kijana akafungua mchezo wake wa mpira, wa zamani, uliochaguliwa kwa sababu hauhitaji mashine yenye nguvu. Hapo nikaona kilichomkasirisha. Uwanja na wachezaji walikuwa wamejikusanya kwenye kijisanduku katikati ya kioo, na pande zote nne kulikuwa na weusi mtupu.

"Wateja wangu wanalipa kwa kucheza," akaniambia. "Nani atalipa kuangalia kidirisha?"

Alikuwa na haki ya kulalamika. Lakini mashine haikuwa mbovu.

Nukta ndizo mzizi wa ugomvi

Kioo cha kompyuta ya kisasa kimetengenezwa kwa nukta ndogo ndogo ambazo idadi yake haibadiliki. Kompyuta nyingi za mkononi zinazouzwa zikiwa zimetumika zina nukta 1366 kwa upana na 768 kwa urefu. Mchezo nao una idadi yake. Ule wa kijana yule ulitengenezwa kwa nukta 800 kwa 600, kipimo kilichokuwa cha kawaida miaka ya mwisho ya 1990. Wengine ni wadogo zaidi. StarCraft, mchezo wa vita uliotoka mwaka 1998, ulikuwa wa nukta 640 kwa 480 tu.

Sasa fanya hesabu kama tunavyofanya darasani. Toa 800 kwenye 1366, unabaki na 566. Gawanya kwa mbili, unapata nukta 283 za weusi kila upande. Toa 600 kwenye 768, gawanya kwa mbili, unapata 84 juu na 84 chini. Ukizidisha upande kwa upande utaona kwamba mchezo ulikuwa unatumia chini ya nusu ya kioo chote. Hakuna kilichoharibika. Mashine imeambiwa iweke picha katikati bila kuikuza, nayo imetii.

Vioo vya zamani, vile vyenye mgongo mkubwa kama televisheni za kale, havikuwa na shida hii. Vilikuwa vinachora picha yoyote kujaza kioo kizima, iwe ya nukta nyingi au chache. Ndiyo maana wengi wetu tuliojifunzia kwenye mashine zile tukiona weusi pembeni, mawazo yanakimbilia kwenye ubovu.

Dawa yake ni dakika mbili

Hivi ndivyo tulivyofanya pale kibandani, na msomaji anaweza kufanya mwenyewe.

Kwanza, niliweka kishale mahali patupu kwenye uso wa kompyuta, nikabonyeza kitufe cha kulia cha kipanya na kufungua mipangilio ya picha ya Intel, maana chombo cha picha cha mashine ile kilikuwa cha kampuni hiyo. Mashine zenye chombo cha NVIDIA au AMD nazo zina ukurasa wa namna hiyo.

Pili, nilishusha nukta za kioo kutoka 1366 kwa 768 hadi 800 kwa 600, kipimo kilekile cha mchezo. Wengi hukosea hapa. Ukiacha kioo kwenye kipimo chake kamili, mara nyingi chaguo za kukuza picha hazionekani kabisa, nawe utasema mashine hainazo.

Tatu, chaguo zilipotokea zilikuwa tatu: kuweka picha katikati, kuivuta ijaze kioo chote, au kuikuza huku ikihifadhi umbo lake. Mashine ilikuwa kwenye ya kwanza. Nikachagua ya tatu, nikahifadhi, nikarudisha kioo kwenye kipimo chake cha kawaida, kisha nikamwambia kijana afungue mchezo.

Uwanja ukapanda hadi juu na kushuka hadi chini. Watu kibandani wakashangilia kana kwamba bao limefungwa. Lakini kijana akanyoosha kidole, "Na huku pembeni je?"

Pembeni palibaki utepe mweusi, nukta 171 kila upande. Huo nao una sababu. Mchezo wa zamani una umbo la nne kwa tatu, na kioo cha sasa ni kipana, karibu kumi na sita kwa tisa. Nikachagua picha ivutwe ijaze kila kona. Weusi ukatoweka, lakini mpira ukawa kama yai na wachezaji wote wakanenepa, kwa sababu upana umeongezwa kwa theluthi moja na urefu haukuongezwa.

Kijana akaangalia, akacheka, akasema wateja wake watapenda hivyo. Mimi ningebaki na utepe mweusi, lakini chumba cha michezo ni chake. Alifunga mashine na kumwomba mama radhi, akavuka kabla giza halijaingia.

Kosa langu mwenyewe

Nisijisifu sana. Ujuzi huu niliulipia, na walioulipia zaidi ni wanafunzi wangu.

Mimi nilizaliwa na kusomea ukimbizini, Karagwe, Tanzania. Katika shule zangu zote hapakuwa na kompyuta hata moja. Niliigusa ya kwanza baada ya kurudi Rwanda, mwaka 2001, katika kafe ya intaneti, nikilipa kwa dakika. Kwa hiyo mwaka 2012 shule niliyokuwa nikifundisha ilipopata kompyuta sita zenye Windows 7, nilifurahi kuliko watoto.

Nilikuwa na programu ya zamani ya kufundishia hesabu kwa njia ya mchezo, ya enzi za DOS. Nilipoifungua na kutaka ijaze kioo, kompyuta ilinijibu kwa Kiingereza kwamba mfumo huu haukubali hali ya kujaza kioo, na kuniambia nifunge programu. Nikajaribu ya pili, hadi ya sita. Jibu lilikuwa lilelile. Nikaandika ripoti kwamba mashine zote sita zina kasoro ya kioo. Zikawekwa stoo, na zilikaa huko mwaka mzima. Darasa zima likamaliza shule bila kuzigusa, kwa sababu ya ripoti yangu.

Ukweli niliujua baadaye. Kuanzia Windows Vista, iliyoanza kuuzwa kwa umma Januari 2007, draiva za picha zilijengwa kwa namna mpya ambayo iliacha ile njia ya zamani ya DOS ya kutwaa kioo kizima. Windows XP iliweza, Vista na 7 hazikuweza. Na Windows za biti 64, ambazo ndizo nyingi leo, haziendeshi programu za DOS kabisa.

Suluhisho lilikuwapo tangu mwaka 2002, tena bure. Ni programu iitwayo DOSBox, ambayo huigiza kompyuta ya zamani ndani ya kompyuta mpya. Ukiendesha mchezo ndani yake, bonyeza Alt na Enter kwa pamoja, utajaa kioo. Ukibaki mdogo katikati, fungua faili lake la mipangilio na uandike mistari hii minne: fullscreen=true, fullresolution=desktop, output=opengl, aspect=true. Mstari wa mwisho unarudisha umbo sahihi, kwani michezo mingi ya DOS ilichorwa kwa nukta 320 kwa 200 lakini ikakusudiwa kutazamwa kwenye kioo cha nne kwa tatu. Bila mstari huo, duara linakuwa bapa.

Watoto wetu nao wana sababu ya kudhani mchezo lazima ujae kioo. Zile kompyuta ndogo za kijani na nyeupe za mradi wa One Laptop per Child, ambazo Rwanda iligawa zaidi ya 200,000 kuanzia mwaka 2008, zilikuwa na mfumo uitwao Sugar ambamo kila shughuli hujaza kioo yenyewe. Mtoto aliyeanzia pale hajawahi kuambiwa kwamba kuna jambo la kupangwa.

Matatizo mengine yanayofanana na ubovu

Wiki iliyofuata mama aliniletea kompyuta nyingine aliyorudishiwa. Hii ilikuwa kinyume. Kila kitu kilikuwa kinene na chenye ukungu, hata kabla ya kufungua mchezo, na nukta za kioo zilikataa kupanda. Tatizo lilikuwa draiva ya picha. Fundi fulani alikuwa amepakia Windows upya bila kuiweka, kwa hiyo mashine ilikuwa inatumia ile ya msingi ya Microsoft, inayoonyesha picha tu na kuishia hapo. Tuliunganisha intaneti ya simu, tukapakua draiva ya aina ile ya kompyuta kutoka kwa mtengenezaji wake, tukaizima na kuiwasha. Kioo kikarudi kama kipya.

Kuna pia mashine ambamo mchezo unajaa kupita kiasi na kukatwa kona ya kulia na chini. Hapo mara nyingi Windows imewekwa ikuze maandishi kwa asilimia 125 au 150, na mchezo wa zamani haujui habari hizo. Bonyeza kitufe cha kulia juu ya alama ya mchezo, chagua mstari wa mwisho kabisa wa orodha, nenda kwenye ukurasa wa upatanifu, na uruhusu mchezo wenyewe usimamie ukubwa wake badala ya Windows.

Na kwa wenye vyumba vya michezo wanaounganisha kompyuta na televisheni: kingo zikikatwa, usiguse kompyuta kwanza. Televisheni nyingi hukata kingo za picha, desturi iliyobaki kutoka enzi za televisheni za mgongo. Shika rimoti, tafuta ukubwa wa picha, na uchague ile inayoonyesha picha nzima bila kukata.

Kabla ya kulipa, kabla ya kuvuka

Wapo watakaouliza kwa nini mwalimu anashughulika na michezo. Nawajibu kwamba hapa mpakani mchezo ndio kipimo anachotumia mnunuzi. Hafungui barua wala hesabu, anafungua mpira. Usipojaa kioo, anarudi barrière, na fedha inayogombaniwa ni ada ya mtoto wa mtu.

Kwa hiyo mama na mimi tumekubaliana utaratibu, nami nawagawia wasomaji. Beba mchezo mmoja wa zamani kwenye flashi. Kabla hujamlipa anayekuuzia, washa mashine, angalia kama nukta za kioo zinapanda hadi kipimo chake kamili. Zikikataa, dai draiva iwekwe kwanza. Fungua mchezo, bonyeza Alt na Enter. Ukibaki katikati, rekebisha pale pale. Angalia pia menyu ni za lugha gani, kwa kuwa mashine zilizotumika Ulaya huja na Kijerumani au Kiholanzi, na mnunuzi asiyeweza kusoma menyu ataita mashine mbovu. Kisha mwonyeshe mnunuzi wako mchezo ukiwa umejaa kioo kabla hajatoa fedha.

Ubovu wa kweli upo, na haufichiki. Mstari usioondoka hata kwenye maandishi, doa jeusi linalokaa palepale kompyuta ikiwaka na mchezo ukiwa umefungwa, au nusu ya kioo kuwa giza tangu mashine inapowashwa. Hapo hakuna mipangilio, rudisha fedha za watu.

Mama alilipa kikundi Jumamosi ile, saa tatu asubuhi. Zile kompyuta sita za shule zilitoka stoo mwaka 2013, na nilizibeba mwenyewe, moja baada ya nyingine.