Ukivua jezi na sura, kinabaki nini?

NOVEMBA 20, 2022, Uwanja wa Al Bayt, Qatar. Mechi ya ufunguzi wa Kombe la Dunia haijamaliza hata dakika tano, Enner Valencia wa Ecuador kashatupia kambani kwa kichwa. Shangwe! Mara VAR hiyo, bao hakuna. Kwenye skrini ikaletwa katuni ya kompyuta: wachezaji wamekuwa masanamu tu, na mguu wa Michael Estrada umeotea.

Katuni ile ilitokana na kamera 12 zilizofuata pointi 29 za mwili wa kila mchezaji, mara 50 kwa sekunde.

Ujanja wenyewe ni wa kale. Miaka ya 1880 jijini Paris, Étienne-Jules Marey alimvalisha mtu nguo nyeusi tii yenye mistari myeupe mikononi na miguuni, akampiga picha akikimbia. Mtu akapotea, ikabaki mbio.

Wasanii wakaidaka hiyo pasi. Mwaka 1971 Lillian Schwartz, akiwa Bell Labs, Marekani, alitoa Olympiad, filamu fupi ya wakimbiaji waliochorwa kwa kompyuta. Lakini iliyokwenda mbali zaidi ni Forms ya mwaka 2012, ya Memo Akten na Quayola. Hawa walichukua video za Michezo ya Jumuiya ya Madola (ndiyo, ileile iliyompa Filbert Bayi rekodi ya dunia ya mita 1,500 mwaka 1974), wakamfuta mwanamichezo mwenyewe. Hakuna sura, hakuna bendera, wala huambiwi nani kashinda. Unaona vijiti na maumbo yakijikunja, yakivutana, kisha yakitawanyika kama vumbi pale mwili unapojirusha.

Utasema, sasa hapo kuna mchezo gani? Muulize shabiki wa mzunguko pale kwa Mkapa. Mchezaji wake yuko upande wa pili, namba mgongoni haisomeki, lakini akianza tu kukimbia anamtaja jina. Hajaona sura. Kaona mwendo, na mwendo ndio Forms wanaouchora.

Katuni ya VAR inausimamisha huo mwendo ili ipime mguu. Kwa sheria ni sawa, ila ule mruko wa Valencia haumo.

Mwenyewe hakununa. Dakika ya 16 akafunga kwa penalti, dakika ya 31 akaruka tena, kichwa, wavuni. Ecuador 2, Qatar 0.