Asasi za Kiraia na Haki ya Mjane

Ukimwuliza mtu mashirika yasiyo ya kiserikali yanafanya nini nchini Tanzania, atakutajia visima, vyandarua na madawati. Ni kweli, na waliochimbiwa kisima hawatakaa wasahau. Lakini ipo kazi nyingine ambayo haizinduliwi na mgeni rasmi wala haiwekwi bango la mfadhili, nayo kwa maoni yangu ndiyo nzito zaidi: kumfikisha mwananchi kwenye haki ambayo sheria imekwisha kumpa.

Kazi hiyo hufanywa na wasaidizi wa kisheria. Hawa si mawakili. Ni wakazi wa kata hiyohiyo, pengine mwalimu mstaafu au mama anayefahamika kwenye kikundi cha kuweka na kukopa, waliopewa mafunzo na asasi. Chukua mjane anayefika kwa msaidizi huyo akiwa na cheti cha kifo mkononi. Shemeji zake wamemwambia kikao cha ukoo kimeshamchagua mdogo wa marehemu kusimamia mirathi, kwa hiyo nyumba ni yake na mama afungashe. Msaidizi hahubiri. Anauliza ndoa ilifungwa vipi, watoto ni wangapi, nyumba ilijengwa lini, na kama kuna muhtasari wa kikao hicho. Kisha anamweleza jambo ambalo watu wengi hawalijui: ukoo hupendekeza tu, anayeteua msimamizi ni mahakama. Na msimamizi wa mirathi si mrithi. Anakusanya mali ya marehemu, analipa madeni, anagawa kwa wanaostahili, na ndani ya miezi minne anatakiwa kupeleka mahakamani orodha ya mali na madeni. Mjane naye anaweza kuomba usimamizi, au kuweka pingamizi dhidi ya aliyependekezwa. Mama aliyekuja akiuliza ahamie wapi anaondoka akijua aende Mahakama ya Mwanzo na aseme nini.

Tanzania Bara haikuanza na mpango wa serikali katika hili. Mwishoni mwa miaka ya 1980 na katika miaka ya 1990, asasi kama Kituo cha Msaada wa Kisheria kwa Wanawake, Chama cha Wanasheria Wanawake na, kuanzia 1995, Kituo cha Sheria na Haki za Binadamu, zilikuwa zikitoa ushauri wa bure. Zikaona wanasheria wachache waliokaa mijini hawatawafikia watu wa vijijini, ndipo wakafunzwa watu wa hukohuko. Kwa miaka mingi wasaidizi hao walifanya kazi bila sheria inayowatambua. Ofisa asiyewataka aliweza kuwafukuza mlangoni. Sheria ya Msaada wa Kisheria ilipotungwa 2017, iliwapa usajili na mipaka: wasimame kama washauri, wasijifanye mawakili mahakamani. Mwaka 2023 serikali yenyewe ikaanzisha kampeni ya msaada wa kisheria yenye jina la Rais Samia, ikizunguka mikoani pamoja na asasi hizohizo. Hapo asasi ilitangulia, ikaonyesha kwamba jambo linawezekana, na dola ikafuata.

Lakini kuna pahala ushauri hautoshi, kwa kuwa sheria yenyewe ndiyo inayomwonea mtu. Tamko la Sheria za Kimila la 1963 linasema mjane hana fungu katika mirathi ikiwa marehemu ameacha ndugu wa ukoo. Fungu lake ni kutunzwa na watoto wake. Wajane wawili wa Shinyanga, waliotolewa majumbani mwao na ndugu wa waume zao, walikwenda Mahakama Kuu 2005 wakisaidiwa na Kituo cha Msaada wa Kisheria kwa Wanawake. Mwaka uliofuata mahakama ikakiri kwamba mila hizo zinabagua, ila ikasema mila hazibadilishwi kwa hukumu. Rufaa ikatupwa 2010 kwa kasoro ya nyaraka. Kituo hakikukata tamaa, kikaifikisha kesi hiyo kwenye kamati ya Umoja wa Mataifa inayosimamia mkataba wa kuondoa ubaguzi dhidi ya wanawake, ambao Tanzania iliuridhia 1985. Mwaka 2015 kamati ikaamua kwamba nchi imevunja mkataba huo, ikataka wajane walipwe fidia na sheria irekebishwe.

Miaka kumi, kwa ajili ya wanawake wawili wasio na fedha ya wakili! Hakuna mfanyabiashara ambaye angeifanya kazi hiyo, na serikali isingejishtaki yenyewe. Wanaosema asasi zinazokwenda mahakamani zinaichafua nchi wajiulize wajane hao wangemwendea nani.

Udhaifu upo, na ni wa fedha. Mafunzo, nauli na hata daftari la kuandikia mashauri hutegemea mradi, na mradi una mwisho. Januari 2025 Marekani iliposimamisha misaada yake ya nje, asasi nyingi, hasa za afya, zilipunguza watumishi katika muda mfupi sana. Asasi pia zina deni kwetu: zinapaswa kuweka wazi fedha zinazopata na zinavyozitumia, na mwananchi ana haki ya kuuliza bila kuonekana mchochezi.

Halmashauri zetu zianze kutenga fungu kwa ajili ya wasaidizi wa kisheria, hata kama ni la chumba na nauli tu. Nawe msomaji, ukiwa na shauri la mirathi, ardhi au matunzo ya mtoto, mwulize afisa maendeleo ya jamii wa kata yako akuelekeze kwa msaidizi wa kisheria aliyesajiliwa. Huduma yake ni bure. Akikudai malipo, mripoti.