Saida Karoli: Sauti ya Kihaya iliyovuka mipaka ya Kagera

WIMBO 'Salome' wa Diamond Platnumz na Rayvanny ulipotoka mwaka 2016, vijana wengi wa mijini waliupokea kama kitu kipya kabisa. Wazazi wao walicheka, kwani kibwagizo chake walikuwa wakikiimba tangu mwanzoni mwa miaka ya 2000.

Aliyekiimba wakati huo ni Saida Karoli, mwanamke aliyezaliwa mwaka 1976 katika kijiji cha Rwongwe, Bukoba Vijijini, mkoani Kagera. Albamu yake ya 'Maria Salome', ambayo wengi huiita 'Chambua Kama Karanga', ilirekodiwa chini ya mzalishaji Felician Mutta na kumtoa kijijini hadi kwenye majukwaa ya Dar es Salaam, Kampala na miji mingine ya ukanda huu.

Lililowashangaza wengi ni lugha. Saida aliimba kwa Kihaya, akichanganya Kiswahili mahali pachache, katika nchi ambayo redio zake hutangaza kwa Kiswahili na Kiingereza, na msanii anayetaka soko hushauriwa aachane na lugha ya nyumbani.

Ushauri huo, hata hivyo, husahau ramani. Kihaya kinachosemwa kuanzia mwambao wa Rubafu, kaskazini ya mji wa Bukoba, hadi Muleba upande wa kusini, ni ndugu wa karibu wa Kinyambo cha Karagwe na wa lugha za Wanyankore, Wakiga, Wanyoro na Watoro wa Uganda. Hivyo, lugha iliyodhaniwa kuwa ukuta ilikuwa mlango kwa mamilioni ya wasikilizaji ng'ambo ya mpaka.

Kwa wasioijua kabisa, ngoma ilitosha. Saida huipiga mwenyewe huku akiimba kwa sauti tulivu isiyo na haraka, na waitikiaji wakimpokea. Ni mtindo wa ngoma za Wahaya, watu ambao pia wana enanga, ala ya nyuzi ambayo magwiji wake husimulia tenzi za mashujaa na watawala wa kale. Mtafiti Hugh Tracey alizirekodi sauti za enanga mwaka 1950, na baadaye M. M. Mulokozi wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam akaziandikia kwa kina.

Jambo kama hilo limetokea mbali pia. Mwaka 1989, Florent Vollant na Claude McKenzie, Waiinu wa Quebec nchini Kanada waliojiita Kashtin, walitoa albamu kwa lugha inayosemwa na watu wachache kuliko wakazi wa mji mmoja mdogo wa Tanzania. Ilipendwa hadi Ufaransa.

Mwaka 2005 Saida aliteuliwa kuwania Tuzo za Muziki za Kilimanjaro, ikiwemo ya mwimbaji bora wa kike. Baada ya hapo alififia. Kanda zilikwisha madukani, muziki wa kizazi kipya ukatawala redio, na uvumi ukaenea kwamba amefariki dunia, naye ikambidi aukanushe.

Hapo ndipo 'Salome' ya 2016 ilipoibua swali zito: wimbo uliopata uhai wa pili ni mali ya nani? Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya mwaka 1999 inampa mtunzi haki za aina mbili. Haki ya kutambuliwa kwamba kazi ni yake ni moja; haki ya kunufaika kwa fedha ni nyingine, na hii ya pili huweza kuhamishwa kwa mkataba. Mzalishaji naye ana haki zake juu ya kile alichokirekodi. Kwa msanii wa kijijini anayesaini karatasi kabla hajajua thamani ya sauti yake, mstari mmoja wa mkataba huweza kuamua kipato cha miaka ishirini. Chama cha Hakimiliki, COSOTA, kiliundwa chini ya sheria hiyo, lakini wakati kanda za 'Maria Salome' zikiuzwa ndicho kwanza kilikuwa kinaanza kazi.

Saida mwenyewe alirejea mwaka 2017 kwa wimbo 'Orugambo', neno la Kihaya lenye maana ya uvumi au maneno ya watu. Aliuimba kwa Kihaya, na ngoma ilikuwapo.