Uganga wa Ujenzi: Nyumba ya Siku Moja katika Nchi ya Mlima Kenya

Katika hadithi za kubuni, hasa zile zinazosimuliwa juu ya dunia zisizokuwako, uchawi huinua majumba, hunyoosha barabara na kutandaza madaraja juu ya mabonde bila ya mtu yeyote kutoa jasho, kama lile jini la Alfu Lela Ulela linalomjengea Aladini jumba la kifalme kwa usiku mmoja. Hadithi za namna hiyo hulipita upesi swali ambalo kila mjenzi hukutana nalo kabla ya kuchimba msingi, nalo ni nani anayefanya kazi, kwa amri ya nani, na juu ya ardhi iliyoridhiwa na nani. Masimulizi ya kale zaidi hayakulikwepa. Kurani, katika sura ya Saba, inawataja majini waliomfanyia kazi Nabii Suleiman, wakimjengea mihrabu na kumtengenezea masinia makubwa kama mahodhi, na inaeleza kwamba hawakutambua kifo chake mpaka mdudu alipoila fimbo aliyokuwa ameiegemea, naye akaanguka. Uwezo usio wa kawaida haukuondoa kibarua wala msimamizi katika kisa hicho, na msimamizi alipojulikana kuwa amekufa, utii nao ulikwisha.

Mfano wenye manufaa zaidi kwa anayetaka kulielewa jambo hili unapatikana miongoni mwa Wakikuyu, ambao nchi yao imekatwakatwa na mito inayoteremka kutoka Nyandarua na Mlima Kenya, na ambao waliishi juu ya migongo ya ardhi baina ya mito hiyo, kama ilivyo hata leo Gakindu na sehemu nyingine za Mukurwe-ini katika Kaunti ya Nyeri. Huko kulikuwa na uganga wa ujenzi uliokamilika, yaani mpangilio wa ibada, miiko na sadaka ulioambatana na kazi ya kujenga tangu kiwanja kilipochaguliwa hadi jiko lilipowashwa. Jomo Kenyatta aliueleza kwa kirefu katika kitabu chake Facing Mount Kenya, kilichochapishwa mwaka 1938, na kiini cha maelezo yake ni kanuni moja: nyumba ilipaswa kujengwa na kuhamiwa siku hiyo hiyo, kwa sababu nyumba iliyoachwa usiku bila ya kukamilika na bila ya moto ingeweza kuingiliwa na ngoma wabaya, yaani roho za wafu zisizowatakia watu heri.

Kanuni hiyo, ikisomwa haraka, huonekana kuwa woga mtupu, lakini ikifuatwa hatua kwa hatua hudhihirisha uhandisi wa kijamii wa hali ya juu. Nyumba ya mviringo yenye ukuta wa mbao na paa la nyasi haiwezi kumalizwa kwa siku moja na mtu mmoja, wala na watu kumi wasiojua zamu zao. Kwa hiyo mwenye kujenga alilazimika kuwaendea jamaa na marafiki mapema, kuwagawia kazi ya kukata miti na kutafuta kamba, na kuhakikisha kwamba wanawake wamekusanya nyasi za kuezekea kabla ya siku yenyewe. Asubuhi ya siku hiyo alinyunyiza ardhini pombe ya miwa au ya asali, au wakati mwingine maziwa, akiwaarifu wahenga wake juu ya makao mapya, na baada ya hapo ndipo duara la ukuta lilipochorwa na mashimo ya nguzo kuchimbwa. Wanaume walisimamisha nguzo na kufunga kenchi za paa. Wanawake walileta nyasi, na walipochelewa waliimbiwa nyimbo za kuwatania, nao hawakukosa majibu. Jua lilipokaribia kuchwa, moto uliingizwa: ikiwa makao ni mapya kabisa ulipekechwa kwa vijiti vilivyotengwa kwa kazi hiyo, na ikiwa nyumba inajengwa upya ulichukuliwa moto wa nyumba ya zamani uliokuwa umehifadhiwa, huku watoto wawili, mvulana na msichana, wakipewa nafasi yao katika ibada ya kuuwasha. Utaratibu huo ulihusu thingira, ambayo ni nyumba ya mwanamume, na vilevile nyumba ya mwanamke.

Ni wazi kwamba ibada hizo hazikuinua hata nguzo moja. Kilichofanywa na uganga kilikuwa kuweka tarehe isiyoahirishika, kuwafanya wasaidizi waone aibu na hatari ya kuchelewa, na kumzuia mwenye mali kuanza kazi kabla ya vifaa kutimia, mambo matatu ambayo mkandarasi wa sasa huyatafuta kwa mkataba na faini, na mara nyingi huyakosa. Haifai, hata hivyo, kuyageuza maelezo hayo kuwa madai kwamba wazee hawakuamini walichokifanya. Waliamini, na nguvu ya utaratibu wao ilitokana na imani hiyo.

Pwani ilikuwa na njia yake. Waswahili walifukia fingo, yaani chungu au kifaa kingine chenye dawa ya kulinda jengo au mji, na James Kirkman, aliyeanza kuchimba magofu ya Gedi mwaka 1948, alikuta vyungu vya aina hiyo.

Mahali ambapo wajenzi hawakuwa na utaratibu wowote wa kuelewana na wenye ardhi, imani ilifanya kazi kinyume. Daraja la reli la Tsavo lilipokuwa likijengwa mwaka 1898 na simba wawili wakawa wanawaua vibarua, John Henry Patterson, aliyesimamia kazi hiyo, aliandika kwamba wengi wa wafanyakazi waliona wale si simba bali ni roho za machifu waliokufa, zilizokasirishwa na reli kupitishwa katika nchi yao. Vibarua walikimbia na ujenzi ukasimama kwa takriban majuma matatu. Hofu ya roho iliyoharakisha nyumba ya Mkikuyu ndiyo iliyolisimamisha daraja, na tofauti iko katika ile pombe iliyomwagwa asubuhi, kwa maana ya kwamba mjenzi wa kwanza alianza kwa kuomba ridhaa, ilhali wa pili alifika na ramani tu.

Barabara nazo zimelazimika kujibu swali hilo la ridhaa. Mugumo, mti wa jamii ya mitini ambao chini yake Wakikuyu walitoa sadaka kwa Ngai, yaani Mungu, haukatwi ovyo, na Barabara ya Mwendokasi ya Nairobi ilipokuwa ikijengwa, mugumo mmoja mkubwa wa Westlands, uliokadiriwa kuwa na umri wa miaka 100 hivi, ulikuwa katika hatari ya kung'olewa. Baada ya wanamazingira na wananchi kupinga, Idara ya Huduma za Jiji la Nairobi ilitoa tamko Novemba 2020 la kuuhifadhi, na barabara ikajengwa pasipo kuung'oa mti huo. Mwandishi wa hadithi za kubuni anayetaka mchawi wake ajenge barabara kwa neno moja angefaa kuamua kwanza ni mti gani ambao neno hilo haliruhusiwi kuugusa, na ni nani mwenye mamlaka ya kulikataza.