Rejesho la mwezi si bei ya mkopo

Karatasi muhimu kuliko zote katika mkopo wa nyumba ni ratiba ya marejesho, na wakopaji wengi huifunua mwisho kabisa, wakishasaini. Mkataba wanausoma, hata kama ni kwa haraka. Hati ya kiwanja wanaikagua mara tatu. Ratiba, kwa kuwa ni kurasa za tarakimu tupu, wanaangalia mstari wa juu, wanaona rejesho la mwezi, wanalipima na mshahara, basi. Kumbe gharama yote ya mkopo imo mle, mwezi kwa mwezi, tangu wa kwanza hadi wa mwisho.

Tuchukue mfano ambao mfanyakazi wa Dar es Salaam au Dodoma anaweza kukutana nao. Nyumba inauzwa TSh milioni 100. Mnunuzi ana milioni 20 zake, benki inamkopesha 80 kwa miaka 20, riba 16% kwa mwaka, ikikokotolewa kwenye salio linalopungua. Riba hiyo si ya kushangaza. Mikopo mingi ya nyumba Tanzania imekuwa ikitolewa kwa riba ya kati ya 15% na 19%. Rejesho lake linakuwa TSh 1,113,005 kila mwezi.

Mwezi wa kwanza benki inapiga riba ya milioni 80 nzima. Gawa 16% kwa miezi 12, riba ya mwezi huo ni 1,066,667. Ukiitoa kwenye rejesho, kinachobaki kupunguza deni lenyewe ni 46,338. Mwezi wa pili riba inashuka hadi 1,066,049, na deni linapungua kwa 46,956. Tofauti ya mwezi na mwezi ni kama shilingi mia sita. Mwaka ukiisha, mkopaji ameshatoa zaidi ya milioni 13.3, na deni limepungua kwa chini ya 600,000.

Hapa ndipo machungu ya wakopaji wengi yanapoanzia. Mtu amelipa miaka mitano bila kuruka hata mwezi mmoja, jumla milioni 66.8. Amepata kazi mkoa mwingine, anataka kuuza nyumba, anaomba taarifa ya salio. Anaambiwa bado anadaiwa milioni 75.8. Anahisi ameibiwa. Hakuna aliyemwibia, hesabu iko sawa na aliisaini mwenyewe, ila hakuna aliyekaa naye akamwonyesha mstari wa mwezi wa 60 kabla hajaweka sahihi. Mwaka wa 10 ukitimia, yaani nusu ya safari, atakuwa amelipa milioni 133.6 na salio litakuwa milioni 66.4. Nusu ya deni lenyewe haitakuwa imelipika hadi mwezi wa 191, karibu kabisa na mwisho wa mwaka wa 16. Jumla ya yote, kwa miaka 20, ni milioni 267.1. Riba peke yake ni milioni 187.1.

Ni haki nieleze kwamba milioni 267 hizo si sawa na milioni 267 zilizopo mezani leo. Shilingi ya mwaka wa 18 itakuwa imepoteza nguvu, na mshahara, Mungu akijalia, utakuwa umepanda. Tukichukulia mfumuko wa bei wa 3% kwa mwaka, marejesho yote hayo yakipimwa kwa thamani ya shilingi ya leo ni kama milioni 200. Bado ni mara mbili na nusu ya kilichokopwa. Kuna wanaojifariji kwamba mfumuko wa bei utalimeza deni. Ungelimeza kama bei zingekuwa zinapanda kwa kasi inayokaribia riba. Benki Kuu imejiwekea lengo la kati ya 3% na 5%, na kwa miaka ya karibuni mfumuko umekuwa ukikaa karibu na ile 3%. Mkopaji wa 16% kwa hiyo analipa riba halisi ya karibu 13%, na huo ni mzigo mzito popote duniani.

Kwa nini iwe ghali hivi? Wengi huilaumu tamaa ya benki, na mimi naona hiyo ni sehemu ndogo ya jibu. Benki inakopesha kwa miaka 20 fedha ambazo wenye akaunti wanaweza kuzitoa kesho asubuhi. Benki ya Nyumba, iliyoanzishwa mwaka 1972 kwa kazi hii hasa, ilifilisika katikati ya miaka ya 1990, na kwa muda mrefu baada ya hapo mkopo wa nyumba wa kueleweka haukuwepo. Sheria ya mikopo ya nyumba ilipitishwa mwaka 2008, kisha mwaka 2010 ikaanzishwa TMRC, kampuni inayozipa benki fedha za muda mrefu ili nazo zikopeshe kwa muda mrefu. Hatua hizo zilisaidia. Lakini Serikali nayo inakopa kwenye soko hilo hilo. Mwaka 2021 ilianza kuuza hatifungani ya miaka 25 yenye riba ya 15.95%. Benki inayoweza kuikopesha Serikali kwa riba hiyo, bila kufuatilia mtu, bila mthamini na bila mahakama, haina sababu ya kukukopesha wewe kwa 10%.

Riba, basi, mkopaji mmoja mmoja hana uwezo mkubwa wa kuibadili. Muda anao uwezo nao, na muda ndio unaokula fedha kuliko kitu kingine chochote katika mkopo huu.

Afisa mikopo akiona mshahara hautoshi, dawa anayotoa ni kurefusha. Miaka 20 ikiwa 25, rejesho linashuka hadi 1,087,111. Unafuu wa mwezi ni shilingi 25,894. Gharama ya unafuu huo ni nyongeza ya milioni 59 katika jumla utakayolipa. Sasa geuza upande wa pili, miaka 20 iwe 15. Rejesho linapanda hadi 1,174,960, yaani unaongeza 61,955 kwa mwezi, na jumla inashuka kutoka milioni 267.1 hadi 211.5. Shilingi elfu 62 za kila mwezi zimeokoa milioni 55.6. Sijui uamuzi mwingine wa fedha ambao familia ya mfanyakazi inaweza kuufanya kwa sahihi moja tu ukawa na faida kubwa namna hii, na inaniuma kuona unavyofanywa kwa dakika mbili, kwa kutazama mstari mmoja wa karatasi.

Aliyekwisha kusaini miaka 20 hajafungiwa mlango. Tuseme mkopaji wetu anaongeza shilingi 100,000 juu ya rejesho lake tangu mwezi wa kwanza. Deni litaisha baada ya miezi 160, miaka 13 na miezi minne, na atakuwa ameokoa zaidi ya milioni 73. Au tuseme hawezi kuongeza kila mwezi, lakini mwisho wa mwaka wa kwanza zamu yake ya kupokea mchezo imefika, au amelipwa bonasi, akapata milioni tano na kuzipeleka zote kwenye deni. Milioni tano hizo zinakata miezi 60 kutoka mkiani mwa mkopo. Miaka mitano ya marejesho inafutika, kwa sababu fedha hiyo haikugusa riba hata kidogo. Imeshuka moja kwa moja kwenye deni ambalo lingezaa riba kwa miaka 19 iliyobaki. Milioni tano hiyo hiyo ikipelekwa mwaka wa 17 itakuwa na faida ndogo sana. Kwa hiyo anayenunua nyumba kwa mkopo leo, ningemwomba asiharakishe fenicha na geti la umeme. Miaka mitatu ya kwanza ndiyo ya kujibana.

Yapo masharti mawili. La kwanza, baadhi ya mikataba inatoza ada ukilipa kabla ya muda, na ada hiyo inatakiwa uijue kabla ya kusaini. La pili linawaponyoka wengi zaidi. Ukipeleka fedha ya ziada bila maelekezo, inaweza kuwekwa kama rejesho la miezi ijayo, au benki ikalipunguza rejesho lako na kuuacha muda vile vile. Andika barua. Sema fedha ipunguze deni la msingi, rejesho libaki lile lile, muda ufupishwe. Kisha omba ratiba mpya na uangalie tarehe ya mwisho imesogea. Kanuni za Benki Kuu za mwaka 2019 za kumlinda mtumiaji wa huduma za fedha zinaitaka benki ikueleze gharama na masharti waziwazi, kwa hiyo usione unasumbua.

Halafu kuna riba inayoelea. Mikataba mingi inairuhusu benki kubadili riba hali ya soko ikibadilika, na kifungu hicho kwa kawaida ni sentensi moja katikati ya ukurasa. Turudi kwa mkopaji wetu akiwa bado mwanzoni. Riba ikipanda kutoka 16% hadi 17%, riba ya mwezi kwenye milioni 80 inakuwa 1,133,333. Rejesho lake ni 1,113,005. Yaani akiendelea kulipa alichozoea, hata riba haiishi, na deni linaanza kukua ilhali yeye analipa kila mwezi. Ndiyo maana benki itapandisha rejesho hadi kama 1,173,000. Kwa mtu ambaye baada ya makato amebaki na theluthi moja tu ya mshahara, elfu 60 hizo zitatoka wapi? Kabla ya kusaini, mwombe afisa akuchapishie rejesho la 18%. Ni 1,234,650. Kama hilo linakushinda leo, mkopo huo ni mkubwa kuliko mshahara wako.

Gharama za mwanzo nitazipitia kwa ufupi kwa kuwa zinaonekana kwa macho. Kuna ada ya kushughulikia mkopo, mthamini, wakili, ushuru wa stempu, usajili wa rehani, bima ya nyumba na bima ya maisha ya mkopaji. Hatari ni pale ambapo benki inakubali kuziongeza kwenye mkopo ili usitoe fedha mfukoni. Kila milioni moja iliyoingizwa hivyo, kwa 16% na miaka 20, utailipa milioni 3.3. Ada hizo zilipe taslimu hata kama itakulazimu kusubiri miezi michache. Bima ya maisha usiipunguze. Ndiyo inayowaachia mjane na watoto nyumba isiyo na deni.

Linabaki swali ambalo kila Mtanzania analo kichwani, kwamba si bora nijenge pole pole? Wengi wetu tumelelewa katika nyumba zilizojengwa hivyo, msingi mwaka huu, boma mwaka kesho, kupaua Mungu akipenda. Tuliweke kwenye hesabu. Mtu mwenye uwezo wa kulipa rejesho la 1,113,005, akiwa amepanga nyumba ya 500,000 kwa mwezi, anabaki na kama 613,000 za ujenzi. Akiwa na zile milioni 20 za kuanzia, itamchukua karibu miaka 11 kufikisha milioni 100, bei zikisimama. Bei za saruji, nondo na bati hazisimami, boma lililokaa bila paa linaharibika, na vifaa vinaibwa. Lakini mkopaji wetu naye, mwaka huo wa 11, bado anadaiwa milioni 63.5. Faida yake kubwa ni kwamba amekaa kwake miaka yote hiyo, na watoto hawakuhamishwa shule kila mwenye nyumba alipopandisha kodi. Hiyo nayo ni thamani, na kila familia inajua yake.

Kwa mwenye kiwanja chenye hati na msimamizi anayeaminika, mimi naegemea njia ya katikati. Ajenge kwa akiba yake hadi boma lisimame, kisha akope kidogo, kwa muda mfupi, apaue na kumalizia vyumba vya kuanzia, ahamie. Milioni 25 kwa miaka mitano, riba 16% kwenye salio linalopungua, rejesho lake ni 607,952, karibu sawa kabisa na zile 613,000 zilizobaki baada ya kodi ya nyumba. Jumla ya riba ni milioni 11.5, na baada ya miaka mitano hadaiwi na mtu.

Ila kwenye mikopo hii midogo ndiko anakotakiwa kuwa macho zaidi, kwa sababu wapo wakopeshaji wanaopiga riba kwenye mkopo wote tangu mwezi wa kwanza hadi wa mwisho, kana kwamba hujarudisha hata shilingi. Tangazo litasema 16%, ile ile. Rejesho litakuwa 750,000 badala ya 607,952, riba milioni 20 badala ya 11.5, na ukiikokotoa kwenye salio linalopungua, riba halisi ya mkopo huo ni kama 26% kwa mwaka.