Mbwa anayefukua ua: Mpe cha kuchezea, si fimbo

MBWA anayefukua mashimo uani ni kero inayowasumbua wafugaji wengi wa mijini. Bustani huharibiwa, bomba la maji huachwa wazi, na chini ya uzio hutokea upenyo unaomtosha mnyama kupita. Wengi hukimbilia fimbo au mnyororo mfupi, lakini njia hizo hazimwondolei mbwa haja ya kuchimba.

Kuchimba ni sehemu ya maumbile ya mbwa, kama kulivyo kubweka na kunusa. Mababu zake wa mwituni walichimba mapango ya kuzalia, walifukia mabaki ya mawindo ili wayarudie siku ya njaa, na waliwafuata wanyama wadogo hadi ndani ya mashimo yao. Baadaye binadamu aliikuza tabia hiyo kwa makusudi. Mbwa wa jamii ya terrier wa Uingereza, ambao jina lao limetokana na neno la Kilatini lenye maana ya ardhi, walizalishwa ili waingie mashimoni kuwatoa mbweha na wanyama wengine waharibifu.

Katika maeneo ya pwani sababu huongezeka. Kisiwa Panza, kilichopo kusini mwa Pemba katika Wilaya ya Mkoani, ni kisiwa cha wavuvi. Kwenye ufukwe wa aina hiyo mchanga ni laini, kaa hujificha chini yake na mabaki ya samaki hutoa harufu. Isitoshe, mchana wa jua kali udongo wa chini huwa na ubaridi kuliko ule wa juu, hivyo mbwa huchimba apate pa kujilaza.

Pamoja na hayo, mazingira anamofugwa mbwa yana mchango wake. Wakazi wengi wa Pemba ni Waislamu wanaofuata madhehebu ya Shafi, ambayo huhesabu mate ya mbwa kuwa najisi, ingawa kumfuga kwa ajili ya ulinzi, uwindaji au kuchunga mifugo kumeruhusiwa. Kwa sababu hiyo mbwa huishi nje ya nyumba. Mbwa wa ulinzi hufanya kazi usiku, na mchana hana la kufanya. Hali haitofautiani sana na ile ya mbwa wa Dar es Salaam au Mombasa anayefungiwa bandani tangu alfajiri hadi jioni. Mnyama mwenye nguvu aliyekosa shughuli hujitafutia shughuli.

Madhara yake hayaishii kwenye bustani. Mbwa aliyechimba chini ya uzio huzurura, na anayezurura hukutana na mbwa asiowajua. Pemba inalifahamu jambo hilo kwa uchungu. Utafiti uliofuatilia ugonjwa wa kichaa cha mbwa kisiwani humo kati ya mwaka 2010 na 2020 ulionyesha kuwa ugonjwa ulitokomezwa ilipofika Mei 2014, baada ya mbwa kuchanjwa kila mwaka kisiwa kizima. Chanjo iliposita, virusi viliingia tena mara mbili mwishoni mwa mwaka 2016 na kuzusha mlipuko mpya. Mlipuko huo ulimalizwa Oktoba 2018, baada ya chanjo kurejeshwa.

Viumbe wa baharini nao huathirika. Kasa hufukia mayai yake mchangani, na shimo moja huweza kuwa na mayai yapatayo mia moja yanayohitaji takriban miezi miwili kuanguliwa. Kisiwa cha Misali, magharibi mwa Pemba, ni miongoni mwa maeneo wanakotagia kasa. Katika fukwe nyingi duniani mbwa wanaozurura wamo katika orodha ya wanyama wanaofukua mayai hayo, na mbwa mmoja aweza kuliangamiza shimo zima kwa usiku mmoja.

Hatua ya kwanza ya kukabiliana na tabia hii ni kutambua chanzo chake. Mbwa anayechimba kivulini na kulala ndani ya shimo anatafuta ubaridi. Huyo anahitaji banda lenye kivuli na maji ya kutosha. Anayechimba kandokando ya uzio anataka kutoka, mara nyingi kwa kufuata mbwa wa jinsia nyingine, na kuhasiwa huweza kupunguza hamu hiyo. Jike mwenye mimba aliyekaribia kuzaa huandaa mahali pa kuzalia. Anayefukua sehemu moja bila kuchoka huenda amesikia panya au fuko. Hao wote hawatatulizwa na mpira.

Vitu vya kuchezea humfaa zaidi mbwa anayechimba kwa upweke au kwa kukosa kazi. Kinachosaidia zaidi ni kile kinachomlazimu kunusa, kutafuna na kufikiri. Mfano ni mpira mgumu wenye tundu unaojazwa ugali uliochanganywa na dagaa wasio na chumvi. Mbwa hutumia muda mrefu kuutoa mlo huo kwa ulimi na meno, na hamu aliyoielekeza ardhini huhamia kwenye mpira. Chakula hicho kihesabiwe kuwa sehemu ya mlo wake wa siku, asije akanenepa kupita kiasi.

Kwa mfugaji anayejihadhari na mate ya mbwa, kitu cha kuchezea kinaweza kufungwa kamba imara na kuning'inizwa juu ya tawi, au kurushwa ndani ya banda. Mbwa hufaidika bila mtu kulambwa mikono.

Njia ya pili ni kumtengea mbwa mahali pa kuchimba. Hutafutwa kona yenye kivuli, huzungushiwa matofali au mbao, kisha hujazwa mchanga laini. Mfugaji hufukia humo vitu viwili au vitatu vya kuchezea huku mbwa akitazama, cha kwanza kikiwa karibu na uso wa mchanga. Mbwa akikifukua asifiwe papo hapo. Siku zinazofuata vitu hivyo vifukiwe chini zaidi na vibadilishwe mahali. Akionekana akichimba penginepo, aitwe kwa sauti ya kawaida na kupelekwa kwenye mchanga wake. Kumpiga kwa shimo alilolichimba saa kadhaa zilizopita hakuna maana, kwa kuwa hawezi kuihusisha adhabu na kosa hilo.

Hata hivyo, mchanga huo unahitaji uangalizi. Kinyesi kiondolewe kila siku na mchanga ufunikwe usiku ili paka wasiufanye choo. Mayai ya minyoo ya safura ya mbwa huanguliwa kwenye mchanga wenye unyevu uliochafuliwa, na viluwiluwi vyake hupenya ngozi ya binadamu, hasa watoto wanaotembea pekupeku. Mbwa apewe dawa za minyoo kwa ratiba ya daktari wa mifugo.

Uchaguzi wa vitu vya kuchezea nao unataka tahadhari. Kipande cha tairi kuukuu huwa na nyaya za chuma ndani yake. Makumbi ya nazi na kamba zilizofumuka zikimezwa huweza kuziba utumbo, na mifupa iliyopikwa hupasuka na kuchoma koo. Kitu kinachofaa hakitoshi kumezwa, na huondolewa mara kinapoanza kumeguka. Ni vyema kuwa navyo vichache na kuvitoa kwa zamu, maana mbwa huchoshwa na kitu anachokiona kila siku.

Hayo yote hayachukui nafasi ya matembezi ya kila siku wala ya chanjo. Shirika la Afya Duniani (WHO) linashauri kuchanjwa angalau asilimia 70 ya mbwa wa eneo husika ili kukata mnyororo wa kichaa cha mbwa.

Kwa upande mwingine, mfugaji asichukulie kila badiliko kuwa ni mchezo. Mbwa aliyekuwa mtulivu akianza ghafla kula udongo na vijiti, kudondosha mate, kuyumba au kushambulia bila sababu, asikaribiwe, na ofisi ya mifugo iarifiwe mara moja. Aliyeumwa aoshe jeraha kwa sabuni na maji yanayotiririka kwa dakika 15, kisha awahi hospitali siku hiyo hiyo kupata chanjo. Dalili za kichaa cha mbwa zikishajitokeza kwa binadamu, karibu kila mgonjwa hufariki dunia.