Dafydd Iwan na Ar Log: wimbo hausimami peke yake

Wandugu wasomi, leo tuongee muziki kidogo, lakini muziki wenye kazi.

Tarehe 5 Juni 2022, mu uwanja wa mpira wa Cardiff, mzee wa miaka 78 alisimama mbele ya mashabiki akaimba. Siku ile Wales (ile nchi tumezoea kuiita Pays de Galles) ilikuwa inacheza na Ukraine, na mshindi ndiye angeenda Qatar. Wales ikashinda 1-0, ikarudi mu Kombe la Dunia kwa mara ya kwanza tangu 1958. Mpira kuisha, Gareth Bale na wenzake wakamzunguka yule mzee, wakaimba naye tena.

Mzee huyo ni Dafydd Iwan. Wimbo unaitwa "Yma o Hyd", maana yake "Tungali hapa". Uliimbwa kwanza mwaka 1983, kwa luga ya Kiwelshi, ambayo wanaoisema hawafiki hata mtu mmoja kati ya watano mu nchi yao wenyewe.

Wengi waliona ile video wakasema: muziki una nguvu. Ni kweli, lakini jibu hilo ni fupi mno. Nyimbo nzuri ngapi zimekufa pamoja na waliozitunga? Sasa huu ulifanyaje kuishi karibu miaka 40 na kufika pale?

Mwimbaji

Dafydd Iwan alizaliwa mwaka 1943 kule Brynaman, kusini mwa Wales, mtoto wa mchungaji. Alisomea usanifu wa majengo Cardiff. Kwa hiyo alikuwa kijana mwenye diploma, angeweza kutafuta ofisi yake na kutulia. Lakini vijana wa Wales wa miaka ya 60 walikuwa na swali zito: luga yao ilikuwa inaisha. Mwaka 1901 karibu nusu ya watu wa Wales walikuwa wanasema Kiwelshi. Kufika 1961, walikuwa wamebaki kama robo tu.

Sababu zilikuwa nyingi. Migodi na viwanda vilileta wafanyakazi wengi wenye kusema Kiingereza. Kazi, mahakama na serikali vilikuwa vya Kiingereza. Na mu karne ya 19 kulikuwa na shule zilizomvalisha shingoni kipande cha mbao mtoto aliyekamatwa akisema Kiwelshi. Yeye alikuwa anangoja kumkamata mwenzake ili amwachie. Aliyebaki nacho jioni, fimbo ilikuwa yake. Walikiita "Welsh Not". Sisi Afrika habari hii si ngeni: Ngũgĩ wa Thiong'o ameandika juu ya adhabu ya namna hiyo mu shule za Kenya wakati wa ukoloni. Mtoto akikua hivyo, akizaa hana hamu ya kumfundisha mwanawe luga iliyomletea fimbo.

Mwaka 1962 likaanzishwa shirika la kutetea Kiwelshi, na Dafydd Iwan akawa mwenyekiti wake kuanzia 1968. Vijana wake walikuwa wanapaka rangi vibao vya barabarani vilivyoandikwa Kiingereza peke yake. Mwaka 1970 alifungwa kwa kukataa kulipa faini juu ya mambo hayo. Kumbe mahakimu kadhaa wa Wales walichanga pesa, wakailipa, akatoka. Fikirieni: mahakimu ndio wanamlipia mfungwa!

Kampuni

Sehemu hii ndiyo watu wanaisahau. Mwaka 1969 Dafydd Iwan, Huw Jones na Brian Morgan Edwards walianzisha kampuni ya kurekodi muziki, wakaiita Sain, maana yake "Sauti". Mwimbaji wa Kiwelshi akapata mlango wa kugonga bila kusubiri mkubwa wa London aone kama luga yake ina soko.

Sahani yao ya kwanza ilikuwa ya Huw Jones, juu ya maji. Ilihusu Capel Celyn, kijiji cha watu wa Kiwelshi kilichozamishwa mwaka 1965 ili mji wa Liverpool, kule Uingereza, upate maji. Baadaye Sain ilihamia kaskazini, karibu na Caernarfon, ikajenga studio yake. Ipo mpaka leo.

Okestra

Tuje kwa Ar Log. Jina lao maana yake ni "wa kukodishwa", kama vile gari la kukodi. Walikutana mwaka 1976 ili kuwakilisha Wales mu tamasha la Lorient, kule Bretagne, Ufaransa, mahali watu wenye asili ya Kiselti wanakutanisha muziki wao. Walioanza ni wanne: Dave Burns, Iolo Jones mwenye violoni, na wandugu wawili wa tumbo moja, Dafydd Roberts na Gwyndaf Roberts, wapiga vinubi.

Vinubi hivyo vina historia. Kinubi ambacho watu wa Wales wanakiita chao kina safu tatu za nyuzi. Safu mbili za nje zinatoa sauti zilezile, moja kwa kila mkono. Safu ya katikati ina zile nusu-sauti, tuseme kama vitufe vyeusi vya piano, na mpigaji anapenyeza kidole kati ya nyuzi za nje ili aiguse. Asili yake ni Italia, lakini Wales ndiko kilikaa. Halafu nako kikakaribia kupotea, maana wapigaji wengi walihamia kinubi kikubwa cha kisasa chenye pedali. Mwanamke mmoja, Nansi Richards, aliyezaliwa 1888, hakukiacha. Alikipiga na kukifundisha mpaka uzee wake, na wale wandugu Roberts walipitia mikononi mwake. Alifariki mwaka 1979, wanafunzi wake wakiwa tayari wanatembeza sauti ile Ulaya. Mlolongo ni mwembamba hivyo: mwalimu mmoja, wanafunzi wachache.

Walipokutana

Tarehe 1 Machi 1979 watu wa Wales waliulizwa kwa kura kama wanataka bunge lao. Karibu wanne kati ya watano walikataa. Miezi michache baadaye Margaret Thatcher akaingia madarakani, na viwanda vikaendelea kufungwa. Kwa watu kama Dafydd Iwan, ilikuwa kama nchi yenyewe imejikana.

Hapo ndipo mwimbaji na okestra waliungana. Mwaka 1982 walizunguka Wales pamoja kukumbuka miaka 700 tangu kuuawa kwa Llywelyn, mtawala wa mwisho wa Wales huru. Mwaka 1983 wakazunguka tena, kukumbuka miaka 1600 tangu Macsen, jemadari wa Kirumi, aondoke Wales mwaka 383. "Yma o Hyd" ni wimbo wa safari hiyo. Unaanza kwa Macsen na unafika mpaka kwa Thatcher. Hoja yake ni nyepesi: wakubwa wanapita, watu na luga yao wanabaki.

Kila upande ulileta chake. Mwimbaji alileta maneno na jina. Okestra ilileta vinubi, violoni na mwendo unaomfanya mtu apige mguu chini hata kama siasa haimpendezi. Sain ikatoa sahani. Na safari ya mji kwa mji ikawapa watu waliovunjika moyo sababu ya kukaa pamoja usiku mmoja.

Baadaye wimbo ulikaa mu baa, mu mikutano, mu viwanja vya raga. Januari 2020 ulipanda mpaka namba 1 kwa mauzo ya iTunes Uingereza. Mwaka 2022 shirikisho la mpira la Wales likaufanya wimbo rasmi wa Kombe la Dunia.

Tusidanganyane

Kule Qatar Wales haikushinda mechi hata moja. Ilitoka sare na Marekani, ikapigwa na Iran, na tarehe 29 Novemba ikapigwa 3-0 na Uingereza, ikarudi nyumbani. Wiki moja baadaye, tarehe 6 Desemba, serikali ikatangaza hesabu ya luga ya sensa ya 2021: wanaosema Kiwelshi ni asilimia 17.8, wakati mwaka 2011 walikuwa asilimia 19. Wimbo umekuwa mkubwa kuliko wakati wowote, na luga yenyewe imepungua.

Kwa hiyo wimbo unaweza kumfanya mtu aone fahari, lakini hauwezi kukaa mezani na mtoto ukamsemesha. Hiyo ni kazi ya wazazi, shule, redio, sheria. Televisheni ya Kiwelshi, S4C, ilianza Novemba 1982 baada ya mwanasiasa Gwynfor Evans kutishia kufunga kula mpaka kufa. Mwaka 2011 sheria ikakifanya Kiwelshi kuwa luga rasmi ya Wales. Leo serikali yao inataka kufikia wasemaji milioni moja mwaka 2050. Bado njia ni ndefu.

Sisi wenye diploma tunapenda kuuliza nani ataimba wimbo wa kwetu. Waimbaji hawakosi. Mimi naona maswali magumu ni mengine: nani atafungua studio? Nani atakaa chini ya mzee mwenye chombo ambacho hakuna anayekipiga tena, ajifunze? Nani atapanga safari ya mji kwa mji wakati watu wamekata tamaa? Kule Wales, walioanza walikuwa vijana watatu na kampuni ndogo, na mama mmoja aliyekataa kuacha kinubi chake.

Na kwenu, ni kazi gani kati ya hizo haina mtu? Andikeni hapa chini.